UNAOGA KWANZA, NDIYO UINGIE KUOGA

Najua nimeadimika mno humu. Wiki mbili hizi tumekuwa na majaribio mfululizo, asubuhi Saikolojia ya Elimu, mchana Mitaala, jioni unakimbilia kimbweta kupigania nafasi kabla watu wa sheria hawajavijaza vyote na mavitabu yao. Leo nimepumua kidogo, ngoja nilipe deni. Na mada yenyewe hata mimi sikutegemea kuja kuiandika humu: hodhi la kuogea la Kijapani. Msicheke kwanza, twende taratibu mtanielewa.

Imeanzia chumbani kwetu. Rumeti wangu mmoja kaka yake anajenga, katumiwa ramani ya nyumba aione, akatuonyesha na sisi. Kwenye bafu la chumba kikubwa mchoraji kaweka hodhi, lile la kujilaza kama kwenye sinema. Basi ubishi ukawaka kama wa Simba na Yanga. Mmoja anasema huo ni ushamba tu, maji yenyewe ya mgawo, nani atajaza dude lile kila siku? Mwingine anasema ndiyo maendeleo, acheni wivu. Wa tatu akasema yeye hawezi kulala kwenye maji yenye uchafu wake mwenyewe, "ni sawa na kujisuuza kwenye supu yako". Hapo tulicheka mpaka jirani akagonga ukuta.

Kesho yake tukampelekea ubishi mwalimu wetu mmoja (jina namhifadhia) ambaye alisoma shahada ya uzamili Japani. Akatusikiliza mpaka mwisho, akasema, "Nyie vijana mnabishania hodhi la Kizungu. Mjapani ana hodhi, na hilo tatizo la supu alishalimaliza zamani." Kuanzia hapo kipindi cha Mitaala kikageuka kipindi cha bafu, na mimi nikaondoka na kiu ya kusoma zaidi. Nimesoma, ndiyo haya nawaletea.

Jambo la kwanza: lile hodhi si la kuogea! Yaani kule ukiingia bafuni unakuta sehemu mbili ndani ya chumba kimoja. Kuna sakafu ya kuogea, na pembeni kuna hodhi. Unakaa kwenye kigoda kifupi pale sakafuni, una kindoo chako na bomba, unajisugua kwa sabuni kuanzia kichwa mpaka unyayo, unajisuuza mpaka povu lote liishe. Ukishakuwa msafi kabisa ndiyo unaingia kwenye hodhi, maji ya moto mpaka mabegani, unakaa kimya. Hakuna sabuni mle, hakuna kusugua, hata kitaulo huchovyi. Kazi ya maji yale ni kukupasha joto na kukupumzisha tu, uchafu umeshauacha nje. Hata lugha yao inatenganisha: ya hodhini hawasemi "kuoga", wanasema "kuingia ofuro".

Na kwa kuwa kila anayeingia ni msafi, maji hayamwagwi. Baba akitoka anaingia mama, wakitoka wanaingia watoto, maji ni yaleyale, na katikati wanafunika hodhi kwa mfuniko ili joto lisitoroke. Mgeni ndiye anatangulizwa, hiyo ni heshima. Mwalimu wetu alipofika kwa familia iliyompokea wikiendi ya kwanza, akatangulizwa yeye kama mgeni. Akaoga, akaingia, akafurahi, alipomaliza akafanya ustaarabu wa kwetu: akang'oa kizibo akamwaga maji yote, na hodhi akalisugua likang'aa. Alipotoka nje akakuta familia nzima imejipanga na mataulo wanasubiri zamu! Anasema hakuna aliyemwambia neno, walitabasamu tu, kisha akasikia bomba linafunguliwa upya. Alielewa kesho yake. Kwi kwi kwi.

Sasa sikilizeni hii maana ndiyo iliyonifungua macho. Ukiangalia vizuri, bafu la kwetu kijijini ni nusu ya bafu la Kijapani. Sakafu ya saruji yenye mteremko na karo la kutolea maji, kigoda, ndoo, kata ya kuchotea, chumba chote kinaruhusiwa kulowana. Mzungu anaogea ndani ya hodhi na nje anaweka zulia, tone likidondoka anafuta. Mjapani anaogea nje ya hodhi kama sisi. Na choo kule wanapenda kiwe na chumba chake mbali na bafu, kama uani kwa bibi zetu. Sisi ndiyo tunakimbilia kuviunganisha viwe chumba kimoja na kukiita cha kisasa. Kilichotuzidi ni lile hodhi tu, na fikra iliyo nyuma yake.

Umbo lake nalo si la kujilaza. Hodhi la asili la Kijapani ni fupi na lenye kina, sentimita 60 hivi kwenda chini, unakaa umekunja magoti kama uko kwenye kimbweta kidogo, maji yanakufika mabegani. Ya zamani yalikuwa ya mbao, na mbao inayosifiwa zaidi ni hinoki, mti wa jamii ya mivinje wa kwao ambao hauozi upesi na ukiguswa na maji ya moto unatoa harufu nzuri. Vijijini kulikuwa na lingine la chuma linaitwa goemonburo. Lile ni kama sufuria kubwa limejengewa jiko chini, kuni zinawaka hukohuko. Sasa utajiuliza miguu haiungui? Kuna ubao wa duara unaelea juu ya maji, unaukanyaga katikati taratibu, unazama nao mpaka chini, ndiyo unakuwa sakafu yako. Jina limetokana na jambazi mmoja, Ishikawa Goemon, aliyeuawa Kyoto mwaka 1594 kwa kuchemshwa kwenye chungu. Hebu fikiria kila jioni unaingia kwenye chombo chenye jina la mtu aliyechemshwa, halafu unasema ahaa, nimepumzika!

Ya kisasa ni ya plastiki ngumu iliyotiwa nyuzi za kioo, na bafu zima linatengenezwa kiwandani kwa vipande, sakafu, kuta, dari na hodhi lake, likifika nyumbani ni kuunganisha tu. Mtindo huo ulipata umaarufu mwaka 1964. Tokyo walikuwa wanajiandaa na Olimpiki, hoteli ya New Otani ilikuwa inajengwa haraka haraka na ina vyumba zaidi ya 1,000. Kujenga bafu mojamoja kwa saruji na vigae wasingemaliza. Kampuni ambayo leo tunaijua kama TOTO ikaja na bafu la kuunganisha. Ukubwa nao umewekewa viwango, mmoja unaotumika sana kwenye nyumba za familia ni mita 1.6 kwa mita 1.6. Pimeni chumba chenu cha hosteli muone, bafu zima linaingia kwenye nafasi ya vitanda viwili vya dabodeka na chenji inabaki.

Halafu kuna kitufe ukutani, mara nyingi na jikoni kipo cha pili. Unabonyeza, hodhi linajijaza lenyewe mpaka kipimo ulichoweka, kwa joto ulilochagua, kwa kawaida kati ya nyuzi 40 na 42. Likijaa mashine inapiga muziki na sauti ya dada inatangaza kwamba ofuro iko tayari. Mashine za kampuni ya Noritz zinapiga kipande cha piano cha Mjerumani Theodor Oesten kuhusu ndoto ya mwanasesere, kwa hiyo kuna mamilioni ya watoto wa Kijapani wanaojua wimbo wa Mjerumani wa karne ya 19 kwa sababu ya maji ya kuoga. Maji yakipoa, mashine inayavuta, inayapasha, inayarudisha. Kuna mahodhi yamefungwa kama chupa ya chai, baada ya saa nne joto linakuwa limeshuka nyuzi 2.5 tu au pungufu. Na kesho yake maji yale hayatupwi bure, mashine nyingi za kufulia kule zina mpira wa kuvuta maji ya hodhini yakafulie nguo.

Tupige hesabu, wale wa "maji ya mgawo" wasikie. Hodhi la familia linachukua kama lita 200, yaani ndoo zetu kubwa kumi. Ni nyingi, sibishi. Lakini familia ya watu wanne, kila mtu ni lita 50 pamoja na kufulia kesho yake, ukiacha yale kidogo ya kujisugulia. Bomba la mvua linalotoa lita 10 kwa dakika, mtu mmoja akisimama chini yake dakika 20 anaimba, peke yake kamaliza lita 200. Nawajua watu wa ghorofa ya pili wanaoimba zaidi ya hapo, na maji yakikatika wao ndio wa kwanza kulalamika. Hapo sitaji mtu.

Kwa hiyo swali la rumeti wangu, "hodhi ni anasa au siyo", nimeona limekaa upande. Hodhi la mtu mmoja mmoja ni anasa. La kuchangia ni kitu kingine, linawezekana tu kama kila mmoja anakubali kujisafisha kabla ya kugusa cha wote. Mmoja tu akiingia na sabuni yake amewaharibia nyumba nzima. Nikafikiria mabafu yetu ya hosteli, nikafikiria na mambo mengine makubwa kuliko bafu, nikaona niishie hapo nisije nikaitwa kwa mshauri wa wanafunzi.

Si kwamba kila Mjapani alizaliwa na hodhi kwao. Hadi mwanzoni mwa miaka ya 1960 nyumba nyingi za mjini hazikuwa na bafu, watu walikwenda bafu la mtaani linaitwa sento, unalipa unaingia, wanaume upande wao, wanawake upande wao, ukutani mara nyingi kumechorwa mlima Fuji. Mwaka 1968 kulikuwa na sento karibu 18,000 nchi nzima. Nyumba zilipopata mabafu, sento zikafungwa moja baada ya nyingine, leo hazifiki 2,000. Kuna wanaosikitika, maana sento ilikuwa ndipo mtaa unapojuana. Bosi na kibarua wakiwa uchi kwenye maji yaleyale nani atajua bosi ni yupi? Hata shule zikienda safari za masomo, wanafunzi wanaoga pamoja na usemi wao ni kwamba hapo ndipo watu wanafahamiana bila kuvaa chochote, hata vyeo.

Sasa nije kwenye upande wangu wa ualimu. Bafu kule ni darasa. Madukani wanauza mabango ya plastiki yasiyolowa, unayabandika kwenye ukuta wa bafu: herufi zao, ramani, jedwali la kuzidisha. Mtoto kakaa kwenye maji ya moto anataka kutoka, mzazi anamwambia hesabu mpaka mia kwanza. Anahesabu kwa sauti, akikosea anaanza upya. Baba aliyetoka kazini usiku, ambaye hana hata nusu saa ya kukaa na mwanawe, anaipata mle bafuni, na hakuna runinga wala simu. Kwenye ile katuni ya Totoro ya mwaka 1988 kuna sehemu baba na binti zake wawili wako kwenye hodhi usiku, upepo unavuma nje, watoto wanaogopa, baba anaanza kucheka kwa nguvu na wao wanacheka mpaka woga unaisha. Kwa Mjapani ni jambo la kawaida la nyumbani.

Sisi tukiangalia ile sehemu tunashtuka kidogo, semeni ukweli. Kwetu baba kuonekana uchi na mtoto ni mwiko. Na wao wana mipaka yao: kwenye mabafu ya umma, mwongozo wa wizara yao ya afya uliobadilishwa Desemba 2020 unasema watoto wa miaka 7 na kuendelea wasichanganyike wa kike na wa kiume, zamani ilikuwa 10. Kwa hiyo si kwamba hawana haya. Haya wanayo, wameipangia mahali tofauti na sisi.

Na hapa ndipo mada inaponigusa, sasa niseme tu.

Wengi wenu mnajua babu yangu yuko Njombe. Mwaka juzi alipata kiharusi, upande wa kulia mkono na mguu vikalegea. Anaongea, akili yake iko sawasawa kabisa, anakumbuka hadi bei ya mbolea ya miaka ya sabini, ila kusimama mwenyewe ni kazi. Bibi magoti yake hayamruhusu kumnyanyua. Anayeishi naye ni baba mdogo, na baba mdogo ndiye alitakiwa kumwogesha. Wadau, nimekuta siku nane zimepita babu hajaoga. Siyo kwamba baba mdogo ni mtu mbaya, anamlisha, anamgeuza, anamnunulia dawa. Lakini kumvua baba yake mzazi nguo alikuwa hawezi. Na babu naye akiulizwa anajibu, "Leo baridi, tutaoga kesho." Wote wawili wanajua baridi ni kisingizio, na wote wawili wanaona aibu kwa niaba ya mwenzake.

Nikiwa likizo namwogesha mimi. Mila imetusaidia hapo: mjukuu na babu ni watani, haya yetu ni nyepesi. Ananiita mwizi wa mke wake, nami namjibu mke mwenyewe kashachakaa, bibi anatutukana wote wawili kutokea jikoni. Namkalisha kwenye kigoda, namsugua mgongo kwa dodoki, ananiambia, "We mjukuu, unadhani mimi sufuria?" Tunamaliza tukicheka. Lakini chuo kikifunguliwa mimi naondoka, na yeye anarudi kwenye "tutaoga kesho".

Ndiyo maana niliposoma habari za wazee wa Japani nilisoma mara mbili. Kule tangu mwaka 2000 wana bima ya umma ya matunzo ya wazee, na moja ya huduma zake ni kuogeshwa nyumbani. Linakuja gari na hodhi la kubebeka, mara nyingi na watu watatu, mmoja wao muuguzi. Wanampima mzee shinikizo la damu na joto la mwili, wanaweka hodhi palepale chumbani karibu na kitanda, wanatandika, wanaunga mipira ya maji, wanamlaza mzee kwenye wavu na taulo limemfunika, wanamwogesha, anaonja maji ya moto mabegani kama zamani, wanamkausha, wanamrudisha kitandani, wanapima tena. Mzee ambaye hajasimama miaka mingi bado anaingia ofuro! Nilipofika hapo nilifunga daftari nikakaa kidogo.

Wana hata hadithi ya zamani ya namna hiyo. Malkia Komyo wa karne ya 8, mke wa mfalme Shomu, inasimuliwa aliweka nadhiri ya kuwaogesha watu 1,000 kwa mikono yake. Wa mwisho akawa mgonjwa wa ukoma mwenye vidonda. Malkia hakurudi nyuma, akamwogesha, na yule mtu akang'aa akajulikana kuwa ni Buddha. Ni hadithi ya kidini, ichukueni hivyo. Ila inaonyesha kwamba watu wale walishajua zamani kuwa kumwogesha mtu asiyejiweza ni heshima, tena ya malkia.

Na wakati wa majanga wanalikumbuka hilohilo. Tetemeko la Noto lilipopiga tarehe 1 Januari 2024 na mabomba ya maji yakakatika, jeshi lao liliwajengea manusura mabafu ya mahema yenye mahodhi ya maji ya moto. Katikati ya baridi na misiba, mtu anapata nusu saa ya kuwa binadamu.

Lakini nisiwapambie tu. Hodhi linaua pia. Kila mwaka maelfu ya wazee wa Japani wanafia kwenye hodhi za nyumbani kwao, ni zaidi ya wazee wanaokufa kwa ajali za barabarani, na wengi ni miezi ya baridi. Sababu ni hii: nyumba nyingi zina joto sebuleni tu. Mzee anatoka kwenye joto, anavua nguo kwenye kichumba cha baridi, mishipa inajikaza na shinikizo la damu linapanda. Anaingia kwenye maji ya moto, mishipa inalegea, shinikizo linaporomoka. Anazimia humohumo, anazama. Ushauri unaotolewa ni rahisi: pasha joto chumba cha kuvulia na bafu lenyewe kabla, maji yasizidi nyuzi 41, usikae zaidi ya dakika 10, usiingie ukiwa umetoka kula au kunywa pombe, simama polepole, na waambie watu wa nyumbani kwamba unaingia.

Sasa mnaijua Njombe mwezi wa sita na wa saba? Asubuhi unaweza kukuta nyuzi chini ya 10, na bafu letu liko uani, halina mlango wa maana, upepo unapita kama njia yake. Sisi siku zote tulihangaika na maji, yachemke, yawe ya moto kabisa ili mzee asisikie baridi. Kumbe cha kuhangaikia ni chumba! Mzee mwenye kiharusi unamvua nguo kwenye upepo halafu unammwagia maji ya moto kabisa. Hakuna aliyetuambia hili hospitalini, wala hakuna aliyeuliza.

Kwa hiyo mpango wangu, na nimeshampigia baba mdogo kakubali. Hodhi hatujengi, hela hiyo hatuna na wa kumnyanyua babu kumtoa mle hayupo. Tunachukua ile nusu nyingine. Likizo hii tunahamisha sehemu ya kuogea ya babu kutoka uani, tunatumia kile chumba kidogo cha stoo kilichopakana na jiko, ambako kuta zinapata joto la moto wa kuni. Sakafu ya saruji yenye mteremko, isiwe ya kuteleza, tundu la maji litoke nje. Bomba la chuma la kushikia ukutani, upande wa kushoto ambao mkono wake una nguvu. Kiti cha plastiki chenye mgongo badala ya kigoda, na beseni kubwa la maji ya vuguvugu la kuweka miguu wakati anasuguliwa, kusudi naye apate robo ya ofuro. Muda ni saa nane mchana, siyo alfajiri.

Halafu kuna shuka. Hili nimelichukua kwa wale watu wa gari. Babu akifunikwa kwa khanga ya bibi kuanzia kiunoni, anajisafisha mwenyewe kwa mkono wa kushoto huko chini ya khanga, baba mdogo anashughulika na mgongo, kichwa na miguu tu. Nilipomweleza kwenye simu alinyamaza muda mrefu, nikadhani salio limeisha. Kisha akasema, "Hapo sawa. Hapo nitaweza." Babu alipopewa simu akauliza hiyo khanga ni ipi, maana kuna moja hataki ilowe, aliinunua mwenyewe.

Saruji mfuko mmoja na nusu fundi kasema unatosha, bomba lipo la kitanda kibovu. Bumu likitoka natuma, lisipotoka nakopa, wanaonidai mniache kwanza hadi mwezi ujao.

Wenzangu wenye wazee nyumbani, nyie mnafanyaje? Nani anawaogesha, na wapi? Niandikieni, hasa wale wa mikoa ya baridi, Mbeya, Iringa, Kilimanjaro huko juu. Nahisi ni jambo ambalo kila nyumba ina lake na hakuna anayelisema. Mimi kesho saa moja na nusu nina semina ya Falsafa ya Elimu na sijasoma hata ukurasa.